Mchezesha Ruleti Asiyetajwa: Mashine na Waigizaji wa Pembeni wa Ufaransa

Mwezi Septemba 2025, katika mkutano wa wafanyabiashara wa filamu uliofanyika sambamba na tamasha la Zurich, Uswisi, kampuni moja ilimtambulisha "mwigizaji" aitwaye Tilly Norwood, msichana aliyetengenezwa kwa akili mnemba tangu unywele hadi kicheko, ikatamba kwamba mawakala wa waigizaji wameanza kumwania. Kelele zilizofuata zilikuwa za kutarajiwa. Mastaa wa Hollywood walikasirika, chama chao kikatoa tamko kwamba huyo si mwigizaji, na kwa wiki kadhaa watu wakabishana iwapo kompyuta inaweza kukalia kiti cha staa. Katika mabishano hayo yalijengeka maafikiano ya chinichini ambayo wengi wa pande zote mbili waliyapokea bila kuyachunguza: staa hataguswa, kwa sababu watazamaji hukata tiketi kwa ajili yake, na mashine, kama ni lazima iingie, basi ianzie huku chini, kwa mhudumu wa baa, karani wa hoteli, dereva wa teksi na polisi anayegonga mlango. Nafasi hizo, tunaambiwa, hazina mwenyewe, na zikichukuliwa hakuna atakayelia.

Naona maafikiano hayo yamejengwa juu ya kutofahamu jinsi mwigizaji wa pembeni anavyopatikana na anavyoishi. Nitajaribu kuonyesha, kwa kufuata maisha ya mwigizaji mmoja wa Ufaransa, Marcel Dalio, kwamba nafasi ndogo za kawaida, zile ambazo kweli mtu yeyote mwenye ujuzi wa wastani angeziweza, ndizo zinazomlisha na kumweka tayari yule anayekuja kuigiza nafasi ndogo ambayo watu wataikumbuka kwa miaka themanini. Anayedhani anaweza kuipa mashine zile za kwanza na kubaki na hizi za pili anapiga hesabu isiyokubali. Hatari iliyopo haihusu sana mashine kuigiza vizuri kuliko binadamu. Inahusu kukauka kwa kisima ambacho waigizaji hao walichotwa.

Nimeichagua Ufaransa kwa sababu ndiko nafasi ya pembeni ilikopata kuwa fani kamili yenye watu wake, heshima yake na, baadaye, sheria zake. Filamu zilipoanza kutoa sauti mwanzoni mwa miaka ya 1930, wakurugenzi wa studio za Joinville, Billancourt na Épinay walihitaji kwa haraka watu wanaojua kusema, na watu hao walikuwa karibu sana: majukwaa ya tamthilia, vilabu vya nyimbo na maonyesho ya vichekesho ya Paris yalikuwa mwendo mfupi tu kutoka studioni. Mwigizaji aliweza kupigwa picha mchana na kupanda jukwaani jioni. Hollywood mambo yalikuwa tofauti. Studio kubwa zilimfunga mwigizaji kwa mkataba wa miaka na kumweka mbali kabisa na majukwaa ya New York. Ukaribu huo wa Paris ulizaa kundi la watu ambao Wafaransa waliwatambua kwa sauti kabla hawajaonekana: Julien Carette na maneno yake ya haraka ya mtoto wa mjini, Pauline Carton na watumishi wake wa ndani wenye ulimi, Saturnin Fabre aliyetamka kila neno kama anayetoa hukumu. Hawakuwa mastaa walioshindwa. Walikuwa na soko lao, na mtazamaji aliyeona majina yao kwenye bango alijua atakachopata hata kama hamjui anayeongoza orodha.

Marcel Dalio alitoka katika kundi hilo. Alizaliwa Paris mwaka 1899 kwa jina la Israel Moshe Blauschild, mtoto wa Wayahudi waliohamia kutoka Romania, akapita kwenye chuo cha sanaa za maonyesho cha Paris, kisha akatumia miaka ya 1920 na sehemu kubwa ya miaka ya 1930 katika vichekesho vya jukwaani. Alikuwa mfupi, macho makubwa yenye kope nzito, uso ambao waongozaji wengi waliuona unafaa kitu kimoja tu: mtu wa kutoaminika. Katika Pépé le Moko ya mwaka 1937 yeye ni L'Arbi, mchongezi wa polisi katika vichochoro vya Kasbah ya Algiers. Angeweza kubaki hapo, akiuza watu filamu baada ya filamu, kama si mwongozaji Jean Renoir, ambaye mwaka huohuo alimpa nafasi ya Rosenthal katika La Grande Illusion, filamu ya wafungwa wa kivita wa Kifaransa mikononi mwa Wajerumani katika Vita ya Kwanza ya Dunia.

Rosenthal ni mtoto wa familia tajiri ya Kiyahudi anayewagawia wafungwa wenzake vyakula vya makopo vinavyotumwa kutoka kwao. Juu ya karatasi, hiyo ni nafasi ya msaada, kwani filamu inabebwa na Jean Gabin, Pierre Fresnay na Erich von Stroheim. Lakini karibu na mwisho kuna tukio la Gabin na Dalio wakiwa watoro mlimani, wana njaa, na Rosenthal ameteguka kifundo cha mguu. Gabin anamgeuka, anamwambia kuwa hakuwahi kuwapenda Wayahudi, anaondoka. Dalio anaketi juu ya jiwe na, badala ya kulia au kuomba, anaanza kuimba kwa hasira wimbo wa watoto wa merikebu ambayo haijawahi kusafiri. Gabin anayetokomea naye anajikuta akiuimba, kisha ananyamaza, kisha anarudi. Hakuna hotuba ya maridhiano. Filamu nzima ya kupinga chuki inategemea iwapo sauti ya mtu huyo aliyekaa juu ya jiwe itakuwa na uchungu wa kutosha na ukaidi wa kutosha kwa pamoja, na hilo halikuandikwa popote katika maneno ya wimbo.

Miaka miwili baadaye Renoir alimpa nafasi ya La Chesnaye, mwinyi mwenye cheo cha markizi, katika La Règle du jeu. Hapa Dalio alipanda hadi mstari wa mbele, ingawa filamu hiyo haina steringi mmoja. Kuna tukio jikoni ambapo watumishi wanateta kwa chini kuhusu bwana wao, kwamba babu yake upande wa mama aliitwa Rosenthal na alitoka moja kwa moja Frankfurt. Mpishi mkuu anawakata kauli kwa kusimulia jinsi markizi huyo alivyomkaripia kuhusu saladi ya viazi, kwa kuwa alitambua kwa ulimi tu kuwa divai nyeupe haikumwagiwa viazi vikiwa bado vinatokota. Kwa mpishi huyo, anayejua chakula kiasi hicho ni bwana wa kweli. Na kuna tukio la kinanda kikubwa cha mashine kinachojipiga chenyewe, ambacho markizi anakionyesha kwa wageni wake kama kilele cha mkusanyo wake. Kamera inatambaa juu ya taa na vinyago vya kinanda hicho, inaishia kwenye uso wa Dalio, nao unafanya mambo mawili kwa wakati mmoja: unajivuna na unaona haya, kama mtoto aliyepata anachokitaka akaogopa kuwa watu watamcheka. Renoir aliitaja baadaye picha hiyo kuwa huenda ndiyo bora kuliko zote alizowahi kupiga. Filamu yenyewe ilizomewa ilipotoka Julai 1939, magazeti ya mrengo wa kulia yakalalamika Myahudi kuvikwa ukabaila wa Kifaransa, na kabla ya mwaka kwisha ikapigwa marufuku.

Juni 1940 majeshi ya Ujerumani yalipoikaribia Paris, Dalio alikimbia pamoja na mkewe, mwigizaji Madeleine Lebeau, wakafika Lisbon, wakapata viza za Chile ambazo zilikuja kugundulika kuwa za kughushi walipofika Meksiko, na hatimaye wakaingia Marekani baada ya kupewa hati za muda za Kanada. Huko nyuma picha ya uso wake ikabandikwa katika mabango ya propaganda ya Wanazi kama mfano wa sura ya Myahudi. Wazazi wake walikufa katika kambi. Wapo wanaopenda kuutaja mkasa wa mabango hayo kila wanapozungumzia uso wa mwigizaji kutumiwa na kompyuta bila idhini yake. Mimi siufuati ulinganisho huo, kwa kuwa upande mmoja kulikuwa na mauaji na upande wa pili kuna biashara.

Kinachonihusu ni alichopewa Dalio na Hollywood. Mtu aliyemwigiza markizi wa Renoir alipewa meza ya ruleti, ule mchezo wa kamari wa gurudumu. Kwanza katika The Shanghai Gesture ya mwaka 1941, kisha katika Casablanca ya mwaka 1942, ambamo yeye ni Emil, mchezesha ruleti katika baa ya Rick, mhusika mkuu, na jina lake halimo kabisa katika orodha ya waigizaji. Lebeau alipata nafasi ya Yvonne, yule msichana anayeimba wimbo wa taifa wa Ufaransa machozi yakimtoka, na alipofariki mwaka 2016 alikuwa wa mwisho kati ya waigizaji waliotajwa katika filamu hiyo. Ndoa yao ilivunjika wakati wa upigaji wa picha hizo. Wawili hao waliigiza katika kisa cha wakimbizi wanaotafuta viza za kupitia Lisbon, miaka miwili tu baada ya wao wenyewe kukwama na viza bandia.

Nianze na hoja dhaifu kuliko zote za upande wa mashine, ile inayosema kwamba mtazamaji haoni nafasi ndogo, na kwa hiyo hatajua zikibadilishwa. Casablanca inatosha kuijibu. Kapteni Renault, mkuu wa polisi, anaifunga baa ya Rick kwa kutangaza kwamba ameshtushwa kugundua kuwa mle ndani watu wanacheza kamari. Wakati maneno hayo hayajapoa, Emil anatokea na kumkabidhi pesa alizoshinda. Ni moja ya mizaha iliyonukuliwa mno katika historia ya sinema, na mzaha huo una watu wawili. Claude Rains, anayemwigiza Renault, anauweka, Dalio anaufunga. Akiwahi nusu sekunde, maneno ya Rains yanakatwa. Akichelewa, mtazamaji ameshaanza kufikiria jambo jingine. Na akionyesha usoni kuwa anajua anachekesha, mzaha unakufa. Anafanya kazi yake kwa adabu ya mtumishi ambaye jambo hilo hulifanya kila usiku. Vivyo hivyo katika tukio la kijana wa Bulgaria anayeachiwa na Rick ashinde mara mbili mfululizo kwenye namba 22: uamuzi ni wa Rick, lakini tunajua kuwa gurudumu linachezewa kwa kutazama macho ya Emil. Baadaye Rick anapomuuliza hali ya meza, anajibu kuwa zipo pungufu elfu mbili hivi kuliko alivyotarajia, na katika jibu hilo kuna lawama, heshima na upendo wa mfanyakazi kwa bosi aliyemtia hasara kwa wema. Mamilioni ya watu wanalikumbuka tukio hilo bila kujua jina la mtu aliyesema maneno hayo. Kutojua jina ni jambo moja, na kutoona ni jambo jingine. Wanaoyachanganya mambo haya mawili wanafanya hivyo kwa kuwa inawafaa.

Hoja ya pili ina nguvu zaidi, na ni ya haki isikilizwe kwa ukamilifu. Inasema hivi: viwanda vya filamu vilikuwa vikiwatumia waigizaji wa pembeni kama muhuri muda mrefu kabla ya kompyuta. Hollywood haikumtaka Dalio; ilitaka Mfaransa, na yeye alikuwepo. Tazama orodha yake baada ya vita, aliporudi Ufaransa kisha akawa anavuka bahari kwenda na kurudi: hakimu wa Paris katika Gentlemen Prefer Blondes ya mwaka 1953, baroni mzee katika Sabrina ya mwaka 1954, mkuu wa wahudumu katika Can-Can ya mwaka 1960. Msomaji wa huku kwetu huenda amemwona bila kumtambua katika filamu ya Kimarekani ya mwaka 1952 iliyochukua jina la mlima Kilimanjaro, ambamo anaitwa Emile na kazi yake ni ya baa, mjini Paris; miaka kumi baada ya Emil wa Casablanca, waandishi walikuwa wameongeza herufi moja tu. Kama tasnia ilimtaka kwa ajili ya lafudhi na mabega ya kupandishwa, anauliza mtetezi wa mashine, basi kompyuta inayotoa lafudhi hiyohiyo na mabega hayohayo inafanya kosa gani ambalo mwajiri wa Dalio hakulifanya?

Ninakubali nusu ya hoja hiyo, na nadhani anayeikataa yote anaitetea sanaa kwa mapenzi kuliko kwa ushahidi. Hakimu yule wa mwaka 1953 angeweza kuigizwa na mwingine; wapo waliokuwa wakiishi kwa nafasi za aina hiyo na hakuna aliyeziona kuwa hasara kwa historia. Kosa la hoja linaanza pale inapochukulia kwamba nafasi ya kawaida na nafasi adhimu ni bidhaa mbili tofauti zinazoweza kutenganishwa, moja ipelekwe kiwandani na nyingine iachiwe fundi. Mwaka 1973 mwongozaji Gérard Oury alihitaji mzee wa kuigiza rabi (kiongozi wa dini ya Kiyahudi) halisi katika Les Aventures de Rabbi Jacob, filamu ambayo Louis de Funès ndiye mwigizaji wake mkuu na ambayo ilitazamwa na zaidi ya watu milioni 7 katika kumbi za Ufaransa. Vichekesho vyote vinategemea rabi wa kweli awe mtu wa kupendeka mara moja, ili tufurahie mbaguzi anayejifanya yeye. Dalio alikuwa na umri wa miaka zaidi ya sabini. Alikuwepo, hai kikazi, mwili wake bado ukijua kusimama mbele ya kamera na kungojea zamu, kwa sababu kwa zaidi ya miaka thelathini mahakimu, mabaroni na wahudumu wa hoteli walikuwa wamemlipia kodi ya nyumba. Asingekuwa nao, mwaka 1973 pangekuwa na mstaafu tu aliyewahi kuigiza kwa Renoir.

Ndivyo fani hii inavyofanya kazi kila mahali, lakini Ufaransa ndiyo iliyoligeuza jambo hilo kuwa sheria. Mfumo wa wafanyakazi wa vipindi, ulioanza mwaka 1936 kwa mafundi wa filamu na kupanuliwa katika miaka ya 1960 hadi kuwafikia waigizaji, unampa msanii posho ya siku asizokuwa na kazi iwapo amefikisha saa 507 za kazi ndani ya miezi kumi na miwili. Malipo ya mwigizaji kwa onyesho au kwa siku ya kupigwa picha huhesabiwa kuwa saa 12, kwa hiyo anahitaji malipo ya aina hiyo yapatayo 43 kwa mwaka. Staa hahitaji kuhesabu. Anayehesabu ni mwigizaji wa pembeni: siku mbili katika filamu ya polisi, wiki ya kumwingizia sauti ya Kifaransa mhalifu wa tamthilia ya Kimarekani, maonyesho ishirini katika ukumbi wa manispaa, siku moja ya kuwa daktari anayeleta habari mbaya. Hakuna hata moja kati ya hizo inayoandikwa katika vitabu vya historia ya sinema, na zote pamoja ndizo zinazomvusha mwaka. Mashine inayomwondolea siku ile moja ya daktari na wiki ile ya sauti haimpunguzii kipato kidogo tu. Inaweza kumshusha chini ya 507, na akishuka hapo anapoteza posho ya mwaka mzima na huenda akaacha fani.

Eneo la sauti ndilo limeshaanza kuguswa. Januari 2025 Wafaransa walibishana vikali baada ya kusikika jaribio la kuiiga kwa kompyuta sauti ya Alain Dorval, aliyekuwa sauti ya Kifaransa ya Sylvester Stallone kwa miongo mingi na ambaye alifariki Februari 2024. Familia yake ilieleza kwamba ilikuwa imekubali jaribio tu. Mjadala ukaishia kwenye swali la ridhaa, jambo la maana, lakini swali la nani angepata siku hizo za kazi kama marehemu asingefufuliwa halikuulizwa kwa sauti ya kutosha.

Hollywood nayo iliishia hapohapo. Katika mgomo wa waigizaji wa mwaka 2023, uliodumu siku 118, chama chao kilidai kwamba studio zilitaka kumpiga picha ya kompyuta mtu wa pembeni kwa malipo ya siku moja kisha zimtumie milele. Studio zilikana kuwa hilo ndilo zililopendekeza. Mkataba uliofikiwa ulidai ridhaa na malipo kwa nakala ya mwigizaji aliye hai, na kuwataka watayarishaji watoe taarifa na wajadiliane wanapotaka kutumia mhusika wa kutengenezwa. Hayo ni mafanikio. Lakini ridhaa inamlinda mwenye uso, na mhudumu wa baa aliyetungwa na kompyuta kutokana na nyuso milioni hana uso wa mtu yeyote wa kumwomba ruhusa. Tilly Norwood, kwa tafsiri hiyo, hamwibii mtu. Anakaa tu mahali ambapo mtu angekaa.

Wengine wanaongeza kwamba sinema imekuwa ikibadilisha waigizaji tangu zamani na haikufa. Ni kweli imebadilisha. Filamu ya Macao, l'enfer du jeu ilipigwa mwaka 1939 Erich von Stroheim akiwa mwigizaji wake mkuu. Wajerumani walipoikalia Ufaransa na kumpiga marufuku, matukio yake yalirudiwa na Pierre Renoir, kaka yake Jean, na filamu ikatoka hivyo mwaka 1942. Baada ya vita Stroheim alirudishwa. Mfano huu unatumiwa vibaya, kwa sababu aliyeziba pengo alikuwa mwigizaji mwingine, mwenye mafunzo yake na bili zake za kulipa. Hata katika udhalimu ule, siku za kazi zilibaki ndani ya fani.

Imebaki hoja moja ambayo watetezi wa mashine huitoa wakiwa na uhakika mkubwa wa kuungwa mkono na wasomaji wa bara letu: kwamba mfumo wa zamani ulikuwa wa kibaguzi, na kompyuta haina rangi. Sehemu ya kwanza ni sahihi, na ushahidi wake umo ndani ya filamu ileile ya Rosenthal. Katika La Grande Illusion kuna mfungwa Mwafrika, mwanajeshi wa Senegali, anayechora. Anamaliza mchoro wake, anawaonyesha wenzake na kuwaeleza maana yake, nao wanautupia jicho na kurudi kwenye mipango yao ya kutoroka. Aliyeigiza nafasi hiyo ni Habib Benglia, mzaliwa wa Oran, ambaye mwaka 1923 alikuwa ameshika nafasi kuu katika ukumbi wa Odéon, katika tamthilia ya Eugene O'Neill iliyoongozwa na Gaston Baty. Mtu aliyeubeba usiku mzima katika moja ya kumbi kubwa za Paris, sinema ilimpa dakika chache za kutosikilizwa, na baadaye nafasi ndogo ya mtumishi wa nyumba ya kuogea katika Les Enfants du paradis. Dalio alifungiwa katika aina ya mtu. Benglia alifungiwa mlangoni.

Ila sehemu ya pili ya hoja haifuati kutoka ya kwanza. Kompyuta hujifunza kutokana na filamu zilizopo, na katika filamu zilizopo Mwafrika wa Ufaransa ni mtumishi wa bafu, mwanajeshi asiyesikilizwa, kuli wa bandari. Ikiombwa itoe mtu wa pembeni wa aina hiyo itamtoa kwa ustadi, kwa sababu ndivyo alivyojaa katika kumbukumbu yake. Haitampa La Chesnaye. Renoir alipomchukua mtu aliyezoeleka kwa uchongezi akamfanya markizi, alikwenda kinyume cha kila kitu ambacho filamu za miaka ile zingemfundisha afanye, naye aliweza kwa kuwa alikuwa amefanya kazi na Dalio kwa wiki nyingi katika nafasi ya pembeni na kuona kitu ambacho hakikuwa kimetumika. Nafasi ndogo ilikuwa pia mahali pa mwongozaji kumchunguza mtu. Kijana wa leo kutoka Bondy au Saint-Denis, vitongoji vya Paris, mtoto wa wahamiaji kama Dalio alivyokuwa, anahitaji siku zake mbili za karani wa hoteli kwa sababu hiyo kuliko anavyozihitaji kwa mshahara.

Kwa hiyo mazungumzo yanayoendelea Ufaransa yangepata faida kama yangehamishwa kutoka kwenye uso kwenda kwenye saa. Nchi hiyo ina chombo ambacho nyingi hazina. CNC, taasisi ya sinema iliyoundwa mwaka 1946, hukusanya asilimia 10.72 ya bei ya kila tiketi ya sinema na kuirudisha katika utengenezaji wa filamu, na huzipima filamu kwa mfumo wa pointi zinazotegemea, pamoja na mengine, ni nani walioajiriwa ndani yake. Si vigumu kuamua kwamba filamu yenye wahusika wa pembeni wa kutengenezwa ipoteze pointi kwa kadiri ya siku za kazi ilizoziondoa, au mtayarishaji alipie saa hizo katika mfuko wa waigizaji kama ambavyo angezilipia kwa mtu. Watayarishaji wadogo watalalamika, na baadhi yao watakuwa na sababu, kwani filamu ya bajeti ndogo inayohitaji umati wa watu mia tatu sokoni haikuwa na uwezo wa kuwaajiri hata kabla ya mashine kuja. Kwa hao uwekwe msamaha wa umati. Lakini mtu anayesema sentensi, anayemtazama mhusika mkuu machoni na kumpa pesa alizoshinda, ahesabiwe kuwa ni nafasi ya kazi yenye saa 12.